Bibi amekuja

Nilikuwa stendi ya Buzuruga, Mwanza, saa kumi na moja jioni, madaftari ya wanafunzi begani na mfuko wa nyanya mkononi. Mbele yangu makonda wawili wanamgombea abiria mmoja wa Kisesa, kila mmoja kamshika mkono wake. Nyuma yangu kijana wa dawa ya panya ameweka spika juu ya toroli. Maneno yamerekodiwa mara moja na yanajirudia tangu asubuhi: panya, mende, kunguni, viroboto, wote buku tu. Pikipiki inapita, ekzosi imetoboka. Simu ikatetemeka. Mdogo wangu.

"Dada... bibi ame..."

"Nini? Sikusikii!"

"Bibi amekufa!"

Nyanya zikamwagika. Konda mmoja alimwachia abiria wake akaja kuniokotea, akanirudishia mfuko kwa mikono miwili, "pole sana sista," na kwa mara ya kwanza jioni ile nikasikia mtu akizungumza taratibu. Nikapanda bodaboda kwenda Igoma. Njiani nikampigia shangazi wa Magu, hakupokea. Nikampigia mwalimu mwenzangu, akapokea, naye akaandika kwenye kundi la walimu. Kabla hatujafika Mahina nilikuwa nimeshaanza kupokea rambirambi kwenye simu.

Nilifika nyumbani nikilia kwa sauti, kama inavyotakiwa. Bibi alikuwa chini ya mwembe, miguu ameinyoosha, anachambua matobolwa, vile viazi vitamu vilivyokaushwa, aliyokuja nayo kutoka Magu. Aliponiona akashtuka, akaanza kujinyanyua huku akitafuta khanga yake ya kujifunika.

"Nani kafa?" akaniuliza, sauti tayari inatetemeka ili naye aje kunisaidia kulia.

Mdogo wangu alikuwa amesema "bibi amekuja". Amekuja, amekufa. Konsonanti moja. Rambirambi zilifika elfu sabini na tano, na bibi, baada ya kuelezwa na kucheka mpaka akatokwa na machozi, alisema zisirudishwe.

Mimi nafundisha Kiswahili shule ya msingi, kwa hiyo jambo hili liliniuma kikazi pia. Kila mwaka nawaimbisha watoto a, e, i, o, u, halafu nawaambia zinazobaki ni konsonanti, kama vile konsonanti ni mabaki. Kumbe kwenye kelele mambo yanakaa hivi: irabu ndizo zenye nguvu. Unafungua mdomo, koo linatetemeka, sauti inakwenda mbali. Ndiyo maana mvuvi akimwita mwenzake kutoka mtumbwi mmoja hadi mwingine haiti kwa konsonanti. Anavuta irabu ya mwisho, "njooooo", na kwa bahati nzuri lugha yetu karibu kila silabi inaishia na irabu. Konsonanti ni nyepesi. Herufi f ni pumzi tu inayopita kati ya meno na mdomo. Nguvu yake iko kwenye masafa ya juu, na laini ya simu ya kawaida, kwa jinsi ilivyoundwa tangu zamani, inapitisha hezi 300 hadi 3,400 hivi, yaani mitetemo kwa sekunde. Sehemu kubwa ya f inabaki huko nje. Kwa hiyo kwenye simu f tunaikisia siku zote, ila hatujui kama tunakisia.

Pale Buzuruga kilichonifikia kilikuwa "bibi ameku-a", na katikati ya k-u na a konda kagonga bati la gari. Ningeweza kuweka chochote. Bibi amekula. Bibi amekuna. Bibi amekua, ambalo angefurahi kulisikia. Mwaka 1970 mtafiti wa Marekani, Richard Warren, alichapisha jaribio ambalo huwa nalirudia kichwani: alirekodi sentensi, akaifuta s moja, akaweka kikohozi mahali pake. Wasikilizaji walisikia kikohozi, na waliisikia s pia. Haikuwepo, ila waliisikia, na hata hawakuweza kuonyesha kwa uhakika kikohozi kilikuwa kwenye herufi gani. Ubongo haupendi shimo. Ukiona shimo unalifukia, na unalifukia kwa udongo ulio karibu.

Udongo wangu ulikuwa hofu. Masika ile bibi alikuwa ameugua presha, tukamlaza wiki nzima, na tangu hapo kila simu ya nyumbani niliipokea moyo ukiwa juu. Ningekuwa na njaa siku ile, labda ningesikia amekula. Hili ndilo lililonifanya nianze kuandika makala hii. Tunalalamika kwamba kelele inatuzuia kusikia, na ni kweli, lakini kuzuiwa kusikia ni nusu ya tatizo. Nusu nyingine ni kwamba tunajaza wenyewe, halafu tunaapa kwamba tumesikia.

(Bibi aliishi miaka minne zaidi. Alipofariki kweli, mdogo wangu hakupiga simu. Alipanda daladala mpaka shuleni kwetu Ilemela, akasimama mlangoni mwa darasa, akavua kofia.)

Baba yangu alikuwa na mashine ya kusaga pale Igoma, kuanzia kabla sijazaliwa hadi nilipomaliza chuo cha ualimu. Nyumba yetu na mashine vilitenganishwa na ukuta mmoja wa tofali. Injini ya dizeli, mkanda mrefu wa mpira, na ndani ya tumbo la chuma nyundo zinazozunguka na kupiga mahindi mpaka yapite kwenye chekecho. Ikiwa tupu ililia kwa sauti nyembamba. Ukimwaga debe, sauti inashuka, inakuwa nzito, kama mtu aliyetwishwa mzigo. Mama alikuwa jikoni, haoni kitu, lakini anajua kinachosagwa. "Hayo mabichi," anasema huku anakoroga uji, "yataziba chekecho." Na kweli, dakika mbili baadaye injini inakohoa na baba anazima.

Wanawake walikuja na ndoo kichwani. Wakifika mlangoni wanapiga goti kidogo, midomo inasema mwangaluka, na baba anainua mkono mweupe kwa unga. Hakuna aliyemsikia mwenzake. Mpaka nilipoanza shule nilidhani salamu ya Kisukuma ya kwa baba haina sauti. Tulikuwa na lugha ya vidole: viwili vikizungushwa, saga mara mbili; kiganja kikipepea, zima; ukivuta sikio lako, mama anakuita. Kwa kazi ilitosha kabisa. Ila hakukuwa na kidole cha kusema "umechoka, baba?"

Shida ilikuja jioni. Saa mbili usiku injini imezimwa, tumekaa mkekani, taa ya chemli katikati, na baba anasema: "MAJI!" Kama amri ya jeshi. Wenzangu waliokuja kucheza kwetu waliondoka mapema. Mimi mwenyewe, na hili sikuwahi kumwambia, niliishi utoto wangu wote nikiamini kwamba baba ananichukia kidogo. Si sana. Kidogo.

Mwaka 1911 daktari wa masikio wa Ufaransa, Étienne Lombard, alieleza jambo ambalo sasa linaitwa kwa jina lake: mtu akiwekewa kelele masikioni huku anaongea, anapaza sauti bila kujua, na kelele ikizimwa sauti inashuka yenyewe. Wakati ule mbinu hiyo ilitumika hata kuwanasa watu wanaojifanya viziwi wa sikio moja. Ndege wanafanya hivyo pia. Huchagui, ni kama kupepesa jicho. Na sauti inayopazwa haiongezeki ukubwa peke yake. Inapanda juu, irabu zinarefuka, shingo inakaza. Ukiziangalia dalili hizo zote pamoja, ni dalili za mtu aliyekasirika. Anayezungumza hana hasira hata punje, lakini anayesikiliza anapokea hasira.

Kuna jambo jingine ambalo sijaona mtu akilieleza, labda kwa sababu halionekani vizuri kwenye lugha nyingine. Pumzi ya kupiga kelele ni fupi. Huwezi kupaza "Mayu, hebu niletee maji ya kunywa, mwanangu" juu ya injini ya dizeli. Utapunguza. Kwanza utaacha mwanangu. Halafu hebu. Halafu mayu, lile "mama" la Kisukuma. Halafu ile niletee, yenye "ni" yangu na "e" ya kunifanyia hisani, itabaki lete. Mwisho utabaki na neno linalobeba mzigo: maji. Kwa Kiswahili heshima na upendo vinakaa kwenye vipande vidogo: naomba, basi, jamani, ile e ya mwisho badala ya a. Vipande hivyo ndivyo vya kwanza kutupwa. Baba alivitupa saa mbili asubuhi kila siku kwa miaka zaidi ya ishirini, na ikifika jioni havikuwa karibu tena.

Siku ya kwanza nilipousikia mtaa wetu mchana bila mashine nilikuwa na miaka kumi. Ilikuwa Mei 21, 1996, MV Bukoba ilipozama ikiwa imekaribia Mwanza na mamia ya watu wakafa. Rais Mkapa alitangaza siku tatu za maombolezo, na baba akazima injini bila kuambiwa na mtu. Ndipo nikasikia ndala za mama zikiburuzika uani. Nikasikia kunguru wakitembea juu ya bati, kucha zao. Nikasikia redio ya nyumba ya tatu ikisoma habari kwa sauti ya chini, na nyumba ya tano, ambako kulikuwa na mtu aliyetarajiwa kutoka Bukoba na meli ile, kilio ambacho siku nyingine zote injini ingekifunika. Kimya kilinitisha kuliko kelele yoyote. Sijawahi kukubaliana na wanaosema kimya ni amani. Inategemea kimeletwa na nini.

Jioni tulikwenda msibani. Watu wamekaa chini, wananong'ona. Baba akaingia, akavua kofia, akasema, "POLENI!"

Watu walishtuka mpaka mtoto akaanza kulia. Baba akaangalia huku na huku kutafuta nani kamliza mtoto. Mama akamshika mkono, akambonyeza kidogo, na akaendelea kumbonyeza kila alipotaka kusema. Hapo ndipo tulipojua kwamba masikio yake yalikuwa yamekwenda. Alikuwa na miaka thelathini na minane.

Kipimo kinachotumika ni desibeli, na hesabu yake ni ya hila: kila ukiongeza 10, nguvu ya sauti imezidishwa mara kumi, ingawa sikio linaona kama imekuwa mara mbili tu. Mazungumzo ya kawaida ni kama 60. Taasisi ya Marekani ya afya kazini, NIOSH, inapendekeza mtu asizidishe saa nane kwenye 85, na kila zikiongezeka 3 muda ukatwe nusu: 88 saa nne, 91 saa mbili, 94 saa moja. Mashine ya nyundo inapita 90 bila kutoka jasho. Baba alisimama pembeni yake saa kumi kwa siku, na kinga yake ilikuwa pamba aliyoichomoa kwenye godoro.

Miaka mingi baadaye nilimpeleka kupimwa. Unavaa vifaa masikioni, unashika kitufe, ukisikia mlio unabonyeza. Mtaalamu alinionyesha mchoro: kwenye sauti nzito mstari wa baba unakwenda vizuri tu, kisha ukikaribia hezi 4,000 unaporomoka kama mtu aliyeteleza kwenye jiwe la Capri Point. Hapo ndipo kelele huanza kula, karibu kwa kila mtu. Na hapo ndipo konsonanti zinapoishi. "Anasikia," aliniambia, "ila haelewi." Ndani ya sikio kuna seli zenye vinyweleo vinavyocheza na sauti, na zikifa kwa binadamu hazioti upya. Kwa ndege huota tena. Nilicheka, mtaalamu akanishangaa. Nilikuwa nimewakumbuka kuku wetu waliodonoa pumba pale pale mlangoni pa mashine miaka yote ile. Kuku walikuwa wanakarabatiwa masikio kila mara, na mwenye mashine hakuwa na fundi.

Mtu asiyesikia konsonanti anapata sifa mbaya haraka sana. Akiuziwa mbuzi elfu sitini anasikia tisini, anagomba. Ukimsalimia kwa nyuma hajibu, basi ana dharau, pesa za mashine zimempanda kichwani. Kwenye baraza watu wakicheka, yeye hajui wamecheka nini, na uso wake unabaki mgumu. Mwenye uso mgumu hapigiwi stori. Naye upande wake anaona watu wananong'ona akifika. Alijaza mashimo yake kwa udongo wake, kama nilivyojaza mimi pale stendi. Aliacha kwenda barazani. Tulisema uzee umemfanya mkali. Tulimnunulia kifaa cha sikio, akakivaa siku mbili, akasema kinampigia vijiko na sahani kichwani, kipo kwenye droo mpaka leo.

Mimi nami nina mashine yangu. Darasa langu lina watoto zaidi ya tisini na dirisha linatazama barabara ya kwenda uwanja wa ndege. Shirika la Afya Duniani linasema kelele ya darasani wakati wa kufundisha isizidi desibeli 35. Watoto tisini wakipumua tu, nadhani wanaipita. Mchana najikuta nasema "Kaa! Andika! Kimya!", na ikifika Ijumaa nayasikia maneno hayo hayo jikoni kwangu, kwa wanangu, ambao ni wawili tu na wamekaa tayari.

Mvua ndiyo inayomaliza mchezo. Sisi wa Mwanza tunaijua mvua ya ziwa: inajikusanya majini usiku, inaingia mjini alfajiri au asubuhi, na ikipiga kwenye bati la darasa huwezi kufundisha. Unaandika ubaoni, basi. Bati hilo hilo, mvua hiyo hiyo, ukiwa kitandani Jumapili ni usingizi mtamu kuliko wote duniani. Ni mlio usiobadilika, hauna mshtuko, hauna jina lako ndani yake, na hakuna mtu wa kuulaumu. Kelele inayokera mara nyingi ni ile yenye mtu nyuma yake.

Nilikuwa na mwanafunzi mwenye kigugumizi. Nimembadilisha vitu vyote hapa asitambulike, lakini hiki ni cha kweli: hakuwahi kusoma kwa sauti hata sentensi moja kamili. Siku moja mvua inapiga, kila mtu ananakili, nilipita nyuma ya darasa nikaona midomo yake inacheza. Nikainama. Alikuwa anasoma. Aya nzima, bila kukwama, kidole chini ya mstari. Mvua ilipopungua akakwama kwenye "mkulima". Baadaye nilisoma kwamba ni jambo linalojulikana: wengi wenye kigugumizi hupata nafuu kelele ikiwafunika wasijisikie wenyewe. Kwa hiyo siwezi kuichukia kelele moja kwa moja. Kwa baba ilifunga mlango. Kwa mtoto huyu ilimfichia watu waliokuwa wakimsikiliza, akiwemo yeye mwenyewe.

Wasukuma tumelijua hili zamani kwa njia yetu. Bugobogobo, ngoma ya majembe, ilitokana na vikundi vya kulimiana mashambani: ngoma inapigwa, majembe yanapanda na kushuka pamoja, na mgongo unasahau kuuma. Ngoma ile si ya chini hata kidogo. Ukiwahi kusimama karibu nayo pale Bujora, kwenye makumbusho ya Wasukuma, unaisikia tumboni. Lakini mlimaji aliikubali, aliingoja, aliijua inaanza lini na inaisha lini.

Hapo ndipo penye siri, naona. Mwaka 1972 David Glass na Jerome Singer walichapisha majaribio yao: watu waliwekwa kwenye kelele kali ya ghafla ghafla, kundi moja likapewa kitufe cha kuizima na kuombwa wasikitumie ikiwezekana. Karibu hakuna aliyekibonyeza. Kelele ilikuwa ile ile. Hata hivyo, walipopewa baadaye mafumbo yasiyo na majibu, wenye kitufe walivumilia zaidi, wenzao walikata tamaa mapema.

Mtaani kwetu kuna anayetupa kitufe na asiyetupa. Jirani wa kushoto, mama mmoja mpishi, akiwa na shughuli anapita nyumba kwa nyumba siku mbili kabla. "Jamani majirani, Jumamosi namtoa mwali, muziki mpaka saa sita, mnivumilie." Na sahani ya pilau inafuata. Muziki wake unatikisa vyombo kabatini, na sisi tunalala. Upande wa pili kuna baa. Spika zao, nina hakika, ni ndogo kuliko za kukodi za yule mama. Haijawahi kuja kutuambia neno, na saa nne usiku besi ikianza nahisi meno yanakaza kabla hata sijasikia wimbo. Sikio halina kope. Umelala, lenyewe liko macho, na mwili unapokea taarifa: moyo unaongeza mwendo, homoni za hatari zinatoka, hata kama asubuhi utasema ulilala. Tuna sheria, ya mwaka 2004, ya usimamizi wa mazingira, nayo kelele inaitambua kama uchafuzi. Nimewahi kwenda kulalamika ofisi fulani. Nikaambiwa niandike barua. Nikaandika. Ningependa zaidi mwenye baa aje siku moja na sahani ya pilau.

Siku hizi wazazi wangu wanaishi Luchelele, hatua chache kutoka ziwani. Mashine iliuzwa, aliyenunua kaweka mota ya umeme. Nimejifunza namna ya kuzungumza na baba, nimejifunza nikiwa mtu mzima, na naona aibu kidogo. Simwiti kwa nyuma. Naenda mbele yake, namgusa bega, nasubiri aangalie mdomo wangu. Siongezi sauti, kumpigia kelele ni kumwongezea irabu, na irabu anazo za kutosha. Naongea taratibu, sauti nzito nzito. Na narudisha vile vipande. "Baba, naomba basi unipishe nikae hapa." Mwanzoni aliniangalia kama mgeni. Juzi aliniambia, kwa sauti ya kusikika mpaka Nyegezi, "MAYU, HEBU NILETEE MAJI, MWANANGU." Mama alikuwa anaosha vyombo. Aliacha.

Jumapili iliyopita tulikaa juu ya jiwe, mimi na yeye, jua linazama. Ziwa lilikuwa shwari, na maji yakiwa shwari sauti zinateleza juu yake bila kumezwa: nilisikia wavuvi wa dagaa wakitayarisha taa zao mbali kabisa, mmoja anamdai mwenzake hela ya mafuta. Baba alikuwa akisikia injini za mitumbwi. Alinitajia: hiyo ya farasi kumi na tano, hiyo inahitaji plagi. Zile anazisikia vizuri kuliko mimi.

Kisha akanyamaza, akaangalia majani nyuma yetu.

"Unajua mji umekula nyenje," akasema. "Tulipohamia Igoma, jioni kama hii huwezi kusikilizana kwa nyenje. Siku hizi hata mmoja hakuna."

Walikuwa kila mahali. Kwenye nyasi, kwenye mikuyu, chini ya jiwe tulilokalia, wanalia kwa pamoja mpaka hewa ilikuwa inawasha masikioni. Nikamgusa bega, akanigeukia, akaangalia mdomo wangu.

"Wapo, baba."

Akaweka kiganja nyuma ya sikio. Akangoja muda mrefu, macho amefumba. Mtumbwi mmoja ukawashwa, akafumbua jicho moja.

"Upepo labda," akasema, na kwa mara ya kwanza nakumbuka alilisema kwa sauti ya chini. "Utakuwa unawapeleka upande wa kisiwa cha Saanane."

Akanipa nusu ya tobolwa lake, akaendelea kusikiliza.